Bibi, "Nala" ni zawadi kwa Kiswahili cha wapi?

Shikamoo Bibi,

Nina miaka 31, naishi Morogoro, na nina mimba ya miezi saba. Ni mtoto wetu wa kwanza baada ya miaka sita ya ndoa, na kliniki wametuambia ni wa kike. Furaha ipo, tena kubwa, lakini kila jioni tukimaliza kula tunaanza kubishana kuhusu jina.

Mume wangu ni Mnyakyusa wa Tukuyu. Amepakua programu ya majina ya watoto kwenye simu yake, na humo amelipenda jina Nala. Imeandikwa: "Asili: Kiswahili. Maana: zawadi." Anasema mtoto tumemsubiri sana, kwa hiyo ni zawadi kweli, na jina limejileta lenyewe. Mimi nimezaliwa Kilosa, Kiswahili nimekisoma mpaka kidato cha sita, na sijawahi kusikia bibi harusi akipelekewa nala. Nilipomwambia hivyo akanifungulia kurasa nyingine kadhaa za mtandaoni, na karibu zote zinasema hivyohivyo. Akaniuliza: "Hawa wote wamekosea, wewe peke yako ndiye unayejua?"

Mimi nilitaka Mariamu, jina la mama yangu mzazi, aliyefariki mwaka juzi. Hapo ndipo wifi yangu alipoingia. Alitutumia ujumbe unaozunguka kwenye makundi ya maombi, orodha ndefu ya majina yanayodaiwa kubeba laana, na Mariamu limo: "uchungu, uasi." Akaongeza kwamba jina linaumba, na kwamba mama aliugua muda mrefu kwa sababu ya jina lake. Bibi, maneno hayo yaliniuma. Siyaamini, lakini usiku nikikosa usingizi najikuta nayarudia kichwani.

Mama mkwe hajasema mengi. Amesema tu kwamba mama yake aliitwa Tusajigwe na angefurahi jina hilo likirudi nyumbani. Mume wangu analiona la kizamani. Mimi sijui hata maana yake. Nilipolitafuta mtandaoni nikakuta limeandikwa "asili: Afrika", basi.

Mtu wa kawaida kama mimi atajuaje kwamba maana ya jina aliyoambiwa ni ya kweli? Na kama maana ya Mariamu ni mbaya kweli, niliache jina la mama yangu?

Mama Kijacho,
Morogoro

*

Marahaba, mke mwenzangu, na hongera kwa huyo anayekuja. Nitaanza na mama yako. Nala atasubiri.

Safari ya jina Mariamu inajulikana vizuri. Kwa Kiebrania ni Miryam, dada yao Musa na Haruni, ambaye Biblia yetu ya Kiswahili inamwandika Miriamu. Jina likapita kwenye Kigiriki, Kilatini na Kiarabu, likatufikia kwa mlango wa kanisani na kwa mlango wa msikitini, ndiyo maana mtaa mmoja unaweza kuwa na Maria, Mariamu na Maryam. Ambacho wataalamu hawajakubaliana ni maana ya mwanzo kabisa. Wapo wanaolihusisha na neno la Kiebrania la uchungu. Wapo wanaolihusisha na uasi. Wapo pia wanaokumbusha kwamba ndugu hawa walizaliwa Misri, kwa hiyo wanalitafutia mzizi kwenye Kimisri cha kale, neno mry, lenye maana ya kupendwa. Mjadala haujafungwa. Aliyetunga ile orodha ya wifi yako alikuta dhana kadhaa, akaokota mbili mbaya, ile nzuri akaipita, kisha akaziandika kana kwamba hakuna anayebisha.

Huo uchungu naweza kukuonyesha mahali pamoja unapoweza kuwa umetokea. Kwenye kitabu cha Ruthu, Naomi amefiwa na mume na wana wawili. Anaporudi Bethlehemu anawaambia wanawake wasimwite tena Naomi, wamwite Mara, kwa sababu Mungu amemtendea mambo machungu. Mara na Mariamu yanakaribiana masikioni, basi watu wakayaoza. Lakini rudi usome: aliyejiita Mara ni Naomi. Mariamu hayumo kabisa kwenye kisa hicho.

Kufanana kwa sauti kumezaa mambo ya ajabu zaidi ya hayo. Mtakatifu Jeromu, mfasiri mashuhuri wa Biblia ya Kilatini, anatajwa kuwa alilieleza jina hili kama stilla maris, yaani tone la bahari, kwa kuligawa katika vipande vya Kiebrania. Baadaye, mikononi mwa wanakili, stilla ikawa stella, tone likageuka nyota. Mpaka leo Wakatoliki wanamwita Bikira Maria Nyota ya Bahari. Ni jina zuri na sina ugomvi na anayesali nalo. Ninachotaka uone ni kwamba hata wasomi wa kanisa, wenye maktaba na muda, waliweza kupitishiwa maana na herufi moja. Sembuse ujumbe usio na mwandishi, uliotumwa saa tano usiku ukiwa na alama za moto na mikono ya kuomba.

Waislamu nao wana sura nzima ya Qurani inayoitwa Maryam, sura ya 19, na ndiye mwanamke pekee aliyetajwa kwa jina lake ndani ya Qurani. Jina ambalo dini zote mbili zimelishikilia kiasi hicho, nani alilipa laana, na lini?

Ama hili la "jina linaumba", nalisikia sana siku hizi, na wanaolisema si wote wabaya. Mtu kumtakia mwanawe mema kwa jina ni jambo la heri. Shida inaanza pale jina linapofanywa hukumu ya maisha ya mtu aliyekwisha ishi. Wazee wetu waliita watoto Shida, Tabu, Mashaka, Chausiku. Waluhya wa Kenya wana Wanjala, wa wakati wa njaa, na Nafula, wa wakati wa mvua. Walikuwa wanaandika tarehe kwa namna yao, hawakuwa wanaagiza njaa irudi.

Na mfano mkubwa tunao wenyewe. Huko Butiama alikuwapo mtoto aliyezaliwa wakati viwavi wamevamia nchi, akaitwa Nyerere, yaani kiwavi kwa Kizanaki. Akakua, akawa chifu. Mwaka 1922 akapata mtoto wa kiume wakati mvua inanyesha, na mtoto akapewa jina Kambarage, la mzimu wa mvua. Julius lilikuja baadaye sana, alipobatizwa mwaka 1943. Mpelekee wifi yako majina hayo mawili bila kumwambia ni ya nani, kiwavi na mzimu wa mvua, halafu umwulize kama mtoto huyo angefaa kuongoza hata darasa.

Mama yako aliugua kwa sababu binadamu huugua. Usiyabebe maneno hayo usiku. Na usimjibu wifi wewe. Mwambie mumeo akazungumze na dada yake, maana hilo ni la kwao na yeye ndiye mwenye mdomo wa kulisema bila kuvunja undugu.

Sasa Nala.

Uko sahihi wewe. Fungua Kamusi ya Kiswahili Sanifu, fungua Kamusi Kuu ya Kiswahili ya BAKITA ya mwaka 2015. Kwa zawadi utakuta maneno ya kutosha: zawadi yenyewe, tunu, tuzo, hidaya, hiba, adia. Nala ya zawadi haimo. Ukimwambia mwanafunzi wangu yeyote wa zamani neno nala, atakwambia ni kitenzi: nala, wala, ala, twala. "Nala wali", yaani nakula wali. Mtoto wa kike anaweza kuitwa hivyo, ila asije akashangaa akikaribishwa mezani kila akijitambulisha hapa Tanga.

Ninavyoona mimi, jina hili limeingia kwenye orodha kupitia The Lion King, ile filamu ya katuni ya mwaka 1994. Humo Simba ni simba na Rafiki ni rafiki. Sarabi ni sarabi, yale mazigazi unayoyaona barabarani jua likiwa kali. Pumbaa ni pumbaa, na Shenzi sitakueleza. Mtu wa mbali akiona jamaa wengi wa hadithi wamepewa Kiswahili, atadhani na Nala ni hivyohivyo, kisha atalitafutia maana inayopendeza. Nala ninayemjua mimi mwenye nasaba yu India, mfalme katika utenzi wa Mahabharata, mumewe Damayanti. Mwanamume huyo, tena mcheza kamari.

Mumeo anauliza kama wote wamekosea. Mwambie hawakukosea wote; alikosea mmoja, wengine wakanakili. Orodha hizi haziandikwi na watu waliokaa na wenye lugha. Zinachukuliana, na unaweza kuzishika: ukiona maelezo ni yaleyale neno kwa neno, na kosa la tahajia ni lilelile kila ukurasa, hapo hesabu shahidi mmoja. Na ukiona ukurasa unasema zawadi na mwingine unasema mwanamke aliyefanikiwa, jua kwamba hakuna hata mmoja aliyewahi kulisikia neno likitumika.

Kwa hiyo ukikutana na jina lolote, mjukuu wangu, swali lako la kwanza liwe: ni la lugha gani? "Asili: Afrika" si jibu. Tanzania peke yake ina lugha zaidi ya mia moja. Anayekuandikia "Afrika" anakuambia kwa adabu kwamba hajui. Ukishaipata lugha, litafute neno lenyewe humo, kwenye kamusi au kwa msemaji aliyezaliwa nayo, na usimpe maana kabla hajakujibu. Usiulize, "Eti hili ni malkia?" Watu wetu wana heshima, watakuitikia tu. Uliza, "Ukisikia jina hili unaelewa nini?" Halafu muulize na mwingine asiyemjua huyo wa kwanza. Mwisho uliza kama kuna watu wanaoitwa hivyo, maana neno linaweza kuwa la kweli na lisiwe jina la mtu.

Chukua Zuri. Huko Marekani wapo mabinti wengi wanaoitwa Zuri, na kwenye orodha linaelezwa kuwa ni Kiswahili, "mrembo". Neno ni letu, hilo halina ubishi. Ila sisi tunasema mtoto mzuri, nyumba nzuri, jambo zuri. Lenyewe peke yake ni shina linalongoja kiambishi. Siwalaumu. Waliong'olewa kwenye lugha zao kwa nguvu, wakaja kuokota hii wakaipenda, na wengine wana Imani na Nia, ambayo ni miongoni mwa misingi saba ya Kwanzaa, sikukuu ya Wamarekani weusi iliyoanzishwa mwaka 1966 na Maulana Karenga. Zuri sasa ni jina la kweli la watu wa kweli. Ni jina la Kimarekani lililotengenezwa kwa neno la Kiswahili, na mtu anaweza kulisema hivyo bila aibu yoyote.

Jihadhari pia na majina yanayofanana kwa herufi lakini hayana undugu. Asha wa hapa kwetu ni Aisha aliyezoeleka mdomoni, na mzizi wake wa Kiarabu ni uhai, uleule tuliopatia maisha. Asha wa Mumbai ni tumaini, kwa Kisanskriti. Nia wa Wales ametokana na Niamh wa Kiairishi, mng'ao, wala hana habari na kusudio letu. Amani yetu ni utulivu. Waarabu wanaye binti Amani ambaye jina lake ni matumaini, matamanio ya moyo, neno jingine kabisa kwa herufi zao. Na Baraka! Baraka tunaowaita kwa neema ni mmoja, na yule Baraka mwana wa Abinoamu wa kitabu cha Waamuzi ni mwingine: kwa Kiebrania yeye ni Baraq, kwa herufi qof na si kaf, yaani umeme wa radi. Tahajia yetu imewavalisha kanzu moja. Ndiyo maana jina likiwa la Kiarabu namwambia mtu alitafute limeandikwa kwa Kiarabu kabla hajaanza kufasiri.

Kuna na jambo gumu zaidi. Wakati mwingine maana mbili ni za kweli zote. Hidaya kwa Kiarabu ni uongofu. Zawadi kwao ni hadiya. Kiswahili kililichukua hidaya kikalipa kazi ya zawadi, na kamusi zetu zinasema hivyo. Basi ukikutana na msichana anaitwa Hidaya, shekhe atakwambia jina lake ni uongofu na bibi yake atakwambia ni zawadi. Hapo kamusi haikusaidii. Muulize aliyempa jina alikusudia nini.

Tusajigwe sasa. Unahangaika mtandaoni na shahidi umempigia simu juzi tu kumsalimia. Kwa Kinyakyusa Lusajo ni baraka, na Tusajigwe ni tumebarikiwa. Hata wewe usiyejua lugha hiyo unaweza kuiona ile tu- ya mwanzo, ndugu wa tu- yetu. Lakini maana ya neno ni nusu ya habari, na kwa jina la kurithi ni nusu ndogo. Wakikuyu wanampa msichana Wangari kwa sababu bibi yake ni Wangari. Kwamba ndani yake mna chui, wengi hawalifikirii hata siku moja. Mama mkwe wako anapotaka Tusajigwe hakuagizii sentensi, anakuomba mama yake. Wewe unayetaka Mariamu unaomba kitu hichohicho, wala hamjaambiana. Mpigie. Muulize mama yake alikuwa mtu wa namna gani, nani alimpa jina hilo na kulitokea nini, na linatamkwaje. Mwambie alitamke taratibu mara mbili tatu. Kisha mweleze habari za mama yako. Mimi ningeshangaa simu hiyo ikiisha bila mmoja wenu kulia.

Na huyo bwana mwenye programu usimwache mikono mitupu. Anataka mtoto aitwe zawadi kwa sababu mmengoja miaka sita, na hilo ni jema. Kwao Tukuyu jina hilo lipo: Atupele, ametupa, na aliyetoa anajulikana bila kutajwa. Wayao nao wanalo kwa maana hiyohiyo, ndiyo maana Malawi kuna mwanasiasa anaitwa Atupele Muluzi. Amekwenda kulitafuta kwenye simu neno ambalo shangazi zake wanalo. Tunu na Zawadi pia yapo, kama anataka la Kiswahili hasa.

Ungeniambia nichague mimi, mtoto angeandikwa Mariamu Tusajigwe. Kama Nala limemkaa baba rohoni kwa sauti yake tu, aliite la nyumbani, hakuna sheria inayomzuia mtu kumwita mwanawe kwa sauti anayoipenda. Aache tu kumwambia mtoto kwamba ni Kiswahili cha zawadi, kwa sababu atakwenda shule, na mwalimu wa Kiswahili atamsahihisha mbele ya wenzake.

Msichelewe kuamua. Usajili wa kizazi kwa RITA, wakala wa serikali wa usajili, unatakiwa ufanyike ndani ya siku 90 tangu mtoto azaliwe. Andikeni jina kwenye karatasi kwa herufi kubwa, mama mkwe akiwa amethibitisha tahajia ya Tusajigwe, kwa sababu karani asiyejua Kinyakyusa ataandika anavyosikia. Mariamu nalo muamue mapema kama lina u mwishoni au halina, lifanane na mtakavyolitumia shuleni na kanisani. Na msome kila herufi kwenye tangazo la kizazi kabla hamjatoka hospitalini.

Bibi